Baba wa Kwenye Wimbo

Fundi Rejeta hakuwa na huzuni ya kutosha, na hilo ndilo lililomponza. Kuna walioponzwa na pombe, kuna walioponzwa na mapenzi. Yeye aliponzwa na utoto mwema. Mtu wa makamo, upara unameta, mikono imejaa makovu ya lehemu, kutwa nzima yuko gereji anazamisha rejeta za magari ndani ya pipa la maji, anazipuliza upepo na kuyakodolea maji macho mpaka mapovu yamwonyeshe tundu lilipo. Hapo huichomoa rejeta, huisugua, huziba, kisha humwambia mwenye gari asimletee tena rejeta iliyojazwa maji ya mtaroni. Jina la kuzaliwa analo, lakini gereji nzima ilishalisahau.

Baba yake ni fundi cherehani, kwenye chumba cha mbele cha nyumba ile ile aliyomlelea, chenye dirisha linalotazama barabara. Mama alifariki Rejeta akiwa bado hajang'oka meno ya utoto. Mzee hakuoa tena. Alimfulia, alimwogesha, alimpikia uji unaoungua na wote wawili wakaunywa bila kusemana, akamfundisha hesabu kwa vifungo vya mashati ya watu. Sare ya Rejeta ilikuwa imenyooka kuliko za shule nzima, na kwa hiyo alitaniwa sana. Kupigwa, alipigwa mara moja tu, siku aliyokata suruali mpya ya mteja ili atengeneze bendera, na baada ya kile kipigo aliyelia ni baba. Pombe mzee hakuijua hata harufu. Akinywa kijiko kimoja cha dawa ya kikohozi, hulala na tepu ya kupimia shingoni mpaka wateja waje kumgongea.

Sasa mtu aliyelelewa hivyo, ukimwambia aimbe bluzi, muziki wa vilio, ataimba nini?

Maana Rejeta alikuwa mwimbaji. Jumapili gereji ilipofungwa kwa magari ilifunguliwa kwa makelele. Yeye alishika gitaa na kuimba. Gitaa la besi lilikuwa la dada mmoja anayechaji betri upande wa pili wa uzio, wakimwita Dada Betri. Dramu zilipigwa na mpuliza rangi, jina lake Chafya kwa sababu rangi ilimpigisha chafya tangu siku ya kwanza kazini na hakuacha kazi wala chafya. Bendi waliiita Ekzosi. Wenyewe walisema wanapiga panki. Majirani, waliozoea kwamba panki ni mtindo wa nywele, walimtazama mwimbaji mwenye upara wakakosa la kusema. Nyimbo zao zilikuwa fupi na za kufoka: wimbo wa breki, wimbo wa mwenye nyumba, wimbo wa foleni ya maji. Mbele ya dramu kubwa Chafya alipuliza neno moja kwa rangi nyekundu ya magari, HATUDANGANYI, na neno hilo ndilo walilolichapa kwenye fulana zao.

Na kweli hawakudanganya, hata kwenye kurekodi. Bendi nyingine hurekodi vipande vipande, leo sauti, kesho gitaa, keshokutwa mtu anafuta alipokosea. Ekzosi walisimama wote chumba kimoja wakapiga mara moja, na kilichotoka kimetoka. Kukosea kuliruhusiwa. Kurudia ndiko kulikokuwa mwiko, na hakuna aliyeruhusiwa kukata hata neno moja baadaye, awe nani.

Dada Betri ndiye aliyeleta habari ya bluzi. Alirithi sahani za santuri za mjomba wake, akazisikiliza mwezi mzima huku betri zinachemka, akaja na msimamo: albamu hii tupunguze mwendo. Makelele yabaki, uchafu wa gitaa ubaki, lakini ndani yake kuwe na kilio. Mstari mmoja unausema mara mbili, kisha mstari wa tatu unaujibu, basi. Na kila mtu alete kilio chake mwenyewe. Yeye alileta wimbo wa mumewe, aliyeondoka akamwachia mlango wazi na redio inaimba. Chafya alileta wimbo wa kaka yake, aliyekwenda kutafuta kazi na mpaka leo hajaonekana. Ilipofika zamu ya Rejeta, alikuna upara. Kifo cha mama alikijua kwa kuhadithiwa tu, akaona kama si mali yake. Mwisho akaandika wimbo wa mtu mpweke ambaye gari limemharibikia njiani, akajipa moyo kwamba upweke ni upweke.

Studio ilikuwa stoo ya zamani iliyozungushiwa magodoro ukutani, na mwenyewe alikuwa mama mmoja wa maneno machache aliyekaa nyuma ya kioo, vidude vya kusikilizia masikioni. Wimbo wa Dada Betri ulipoisha, yule mama alijipangusa macho kwa mkono wa blauzi. Wa Chafya ulipoisha, alivua vidude akaviweka mapajani. Rejeta akataka kwanza amsomee wimbo wake wa gari. Mama akausikiliza hadi mwisho, akasema kwa kipaza sauti kwamba maneno ni mazuri ila yeye hayajamwingia. Hakusema kwa ubaya. Lakini Rejeta uso ulimshuka, akajiona mtoto aliyekaa meza ya wakubwa.

Asubuhi ile ile, kabla hawajaenda studio, alikuwa amehudumia dereva mmoja wa lori. Wakati rejeta inachemshwa, dereva alijisimulia mwenyewe tu, kama wasimuliavyo watu wanaopita: habari za baba yake mlevi, mama mgonjwa, na mlango aliofungiwa nje. Kisha akapanda lori lake akaenda zake.

Chafya akahesabu kwa vijiti. Dada Betri akaingia na besi nzito, ya taratibu. Rejeta akafumba macho, akafungua mdomo, na wimbo wa gari haukutoka. Ikatoka hii:

Mama aliita maji, baba akaitika kwa chupa,
Mama aliita maji, baba akaitika kwa chupa,
Mlango akanifungia, nikalala nje kama kitu cha kutupa.

Hakuwahi kuimba vile maishani mwake. Sauti ilikwaruza, ikakatika, ikarudi. Alipofumbua macho, Dada Betri alikuwa amelaza besi chini, machozi yanamtiririka. Akamkumbatia. Akamwambia, "Kumbe ndugu yetu umebeba haya yote, na hukutuambia."

Pale ndipo pa kusema. Maneno yenyewe yalikuwa mepesi: si mimi, ni dereva. Lakini Chafya naye alikuwa amesimama, anamtazama kwa heshima ambayo hajawahi kumtazama nayo, na mama wa studio alikuwa ametoka nyuma ya kioo chake. Rejeta akainamisha kichwa kama mtu aliyefumaniwa na siri yake. Na tusimtetee hapa: ilikuwa tamu, akaimeza.

Albamu ikatoka, ikaitwa Moshi Taratibu, na wimbo uliopendwa ukawa huo huo. Ulipigwa saluni, ukapigwa vituo vya mafuta. Redio ikawaita. Mtangazaji, mwenye sauti ya upole ya kumfanya mtu aungame hata asiyoyatenda, aliwasifu, akawauliza la bluzi na la panki, kisha akamgeukia Rejeta.

"Kaka, samahani kama nagusa kidonda. Huyu baba wa kwenye wimbo, ni baba yako kweli?"

Rejeta akamtazama Dada Betri. Kifuani pake fulana ilikuwa imeandikwa lile neno. Akasema, "Ni wangu." Akaongeza kwamba hakukusudia kuyasema, wimbo ulitoka wenyewe.

Alipotoka studio ya redio alijiambia kwamba mzee saa zile huwa anakata vitambaa na hasikilizi redio. Alijua anajidanganya. Ndipo alipoanza kula kona. Alikuwa na kawaida ya kwenda kwa baba kila Ijumaa. Ijumaa ile akatuma ujumbe kwamba kazi zimembana, na iliyofuata pia, na iliyofuata akaacha hata kutuma. Wateja walimpongeza, akawajibu bila kuwaangalia usoni. Simu ikilia, aliiacha ilie hadi ikatike.

Aliyekuja ni shangazi yake, dada mdogo wa baba, mwanamke ambaye kwa kawaida husikika kabla hajaonekana. Siku hiyo alikuja kimya. Akakaa juu ya tairi, akakataa soda, akamwacha amalize kuziba rejeta aliyoishika. Kisha akamweleza bila kupandisha sauti, na heri angepandisha.

Siku ya mahojiano, alisema, mzee alikuwa ameitangazia barabara nzima. Aliiweka redio dirishani, akaifungulia mpaka mwisho, akatoa viti nje kwa wateja na majirani waje wamsikie mwanawe. Walijaa. Wimbo ulipopigwa watu walitikisa vichwa kwa utamu wake. Wakati mtangazaji anauliza na Rejeta anajibu, hapakuwa na aliyetikisa chochote. Watu waliaga mmoja mmoja, kila mtu na udhuru wake. Mzee alirudisha viti ndani peke yake. Tangu hapo mama mmoja alikuja kuchukua vitambaa vya sare za wanawe kabla havijakatwa, na yule rafiki yake wa kusoma naye gazeti siku hizi anapita upande wa pili wa barabara.

"Na yeye anasemaje?" Rejeta akauliza.

"Hasemi kitu. Anashona." Shangazi akainuka, akajifunga kanga vizuri. "Mimi nilikuwepo nyumba ile wakati mama yako anaumwa. Kaka yangu alimbeba mgongoni kumpeleka chooni. Sasa wewe nenda ukamtazame usoni. Mimi sina la kuongeza."

Alipoondoka, Rejeta alitamani ardhi ipasuke immeze. Haikupasuka. Jumapili akawaambia wenzake ukweli wote, wa dereva, wa lori, wa kule kunyamaza. Alitegemea Dada Betri atamtukana, na angefurahi kutukanwa. Dada Betri alizungusha kitufe cha besi, kisha akasema neno ambalo Rejeta hakuwa amelifikiria kabisa.

"Mimi niliimba mume wangu wa kweli. Nilimwaga mambo yangu ya ndani mbele yako kwa sababu nilijua na wewe unamwaga yako."

Chafya alilichukua bomba la rangi, akalijaza rangi ya kijivu, ile ya kuanzia, akalifuta neno kwenye dramu kwa mikupuo miwili. Akapiga chafya, akaenda kuosha mikono. Wimbo wenyewe haukuweza kufutwa hivyo. Ulikuwa umeshaingia kila nyumba, na sheria yao ya kutokata neno sasa ilimrudia Rejeta mwenyewe.

Akapiga moyo konde akarudi redioni. Alimwomba mtangazaji ampe nafasi aseme hewani, naye akampa kwa mikono miwili. Rejeta akasema kwa kukwama kwama kwamba baba wa kwenye wimbo si baba yake. Kwamba baba yake hajawahi kunywa. Kwamba kisa alikiokota kwa mteja mmoja akajifanya ni chake, na anaona haya. Mtangazaji akamwuliza mteja huyo ni nani. Rejeta akasema hamjui. Akaulizwa anatoka wapi. Hajui. Lori la rangi gani? Akasita, akasema pengine bluu.

Mtangazaji akanyamaza, kule kunyamaza kwa watangazaji. Kisha akawageukia wasikilizaji kwa ile sauti ya upole akasema kwamba wamesikia wenyewe, mtoto ni mtoto, hata aumizwe vipi atamlinda mzazi wake, na kwamba wanaojua maumivu haya wapige simu. Simu zikafurika. Mwanamke mmoja alilia hewani akimwambia kaka yetu usiogope, usikubali kunyamazishwa. Rejeta akajaribu kusema tena. Wakampigia wimbo.

Kutoka hapo alikwenda moja kwa moja kwa baba yake, mchana kweupe, na kila dirisha alilopita aliliona linamtazama yeye. Njiani alijipangia maneno. Atapiga magoti. Atasema kabla ya salamu.

Mzee alikuwa ameketi kwenye cherehani, lakini mguu ulikuwa haukanyagi. Chumba kilikuwa kimefagiliwa sana, vitambaa vichache vimekunjwa kwenye rafu, na dirishani hapakuwa na kitu. Amekonda. Alipomwona mwanawe alisimama upesi, akamvutia kigoda, akakifuta kwa kiganja, na kule kufutiwa kigoda kulimkata Rejeta maini.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba, mwanangu. Kaa. Kaa kwanza, maana nina maneno na nisipoyasema sasa yatanishinda."

Rejeta akafungua mdomo. Baba akainua mkono, kwa upole tu, na yeye akafunga mdomo kama enzi za uji.

"Nimesikia leo ulivyonitetea redioni," mzee akasema. "Huna haja, mwanangu. Tangu siku ile ya kwanza nimekaa hapa najiuliza nilikukosea lini. Kwanza nilikasirika, nikasema huyu ananisingizia. Halafu nikasema, hapana, namjua. Hawezi kulia vile kwa kitu ambacho hakikumpata. Nikaanza kutafuta. Nimetafuta mpaka nimepata."

"Baba, hakuna cha kupata. Nilitunga. Naapa."

"Siku aliyokufa mama yako nilifunga mlango." Mzee alikuwa anaiambia meza ya kukatia. "Ulikuwa nje unacheza. Sikutaka umwone alivyokuwa. Uligonga, ukaniita, ukagonga tena, mimi nimekaa chini nimeegemea mlango huo huo na chupa ya dawa iko mkononi. Sikufungua. Jirani ndiye aliyekuja kukuchukua, na wakati huo ulikuwa umelala pale kizingitini. Hilo sijawahi kumwambia mtu. Wala dada yangu hajui."

Rejeta alitafuta kichwani mwake mlango huo, na kizingiti hicho, hakuona chochote. Alikumbuka vifungo. Alikumbuka uji. Akapiga magoti sasa, kwenye vipande vya nyuzi, akayamimina yote: dereva, studio, mama wa nyuma ya kioo, jinsi alivyotaka na yeye awe na kilio kama wenzake. Alisema hakukumbuka mlango wowote, kwamba hakuna siku aliyolala nje, kwamba alikuwa mtoto aliyependwa na ndiyo maana alikosa cha kuimba. Alisema anajionea aibu mpaka usingizi haumjii.

Baba alimsikiliza kwa makini, kama anavyomsikiliza mteja asiyejua anataka mshono gani. Alipomaliza, alimwekea kiganja juu ya upara.

"Wewe hukumbuki," akasema. "Ulikuwa mdogo. Lakini ulisema mwenyewe wimbo ulitoka wenyewe. Moyo wako umekumbuka."

"Baba, si kweli."

"Usinionee huruma. Mimi nimeshazeeka, nataka hili liishe kabla sijafa. Mwanangu, nisamehe."

Rejeta akatikisa kichwa. Akasema hakuna cha kusamehe. Akaona uso wa mzee unavyozidi kuporomoka kwa neno hilo, kwa sababu kwa mzee neno hilo lilikuwa na maana moja tu: kwamba amekataliwa. Akajaribu tena, kwa maneno mengine, na uso ukaporomoka zaidi. Barabarani mtu alipita, akapunguza mwendo, akaendelea. Baba alikuwa anangoja, mkono bado uko juu ya kichwa cha mwanawe.

Palikuwa na neno moja tu la kumpa mzee usingizi wake, na Rejeta alijua kwamba akilisema, uongo wake utakuwa umekamilika, na hautang'oka tena katika nyumba ile.

"Nimekusamehe, baba," akasema.

Mzee akaishika mikono ya mwanawe kwa mikono yake miwili, akamshukuru.